Kilio kwa Sauti Nne

Mwaka huu, mvua zikiwa zinaelekea kukatika, katibu wa kwaya ya kigango kimoja cha Mollo alinipigia simu asubuhi akaniambia Mama Kizito amefariki. Ni binti mwenye adabu. Alianza na shikamoo, akaniuliza hali, akaniuliza na goti langu linaendeleaje, ndipo akasema. Kisha akanieleza kwamba kwaya imekaa na kupanga nyimbo za mazishi, na wameona wakati wa kushusha jeneza waimbe ule wimbo wangu wa mavuno, kwa kuwa uliimbwa mara ya kwanza kwenye kanisa lao na marehemu alikuwa muumini wa hapo hapo. "Tumeupunguza mwendo, Mwalimu," alisema. "Ukiimbwa taratibu unafaa kabisa msibani." Nikamwambia wasubiri, wasiuimbe mpaka nifike. Akaniuliza kama kuna shida kwenye nota. Nikasema ndiyo, kuna shida kwenye nota. Nina miaka hamsini na mitano na bado ulimi wangu unakimbilia uongo ulio karibu.

Sitasimulia hapa nilizaliwa wapi wala baba yangu alikuwa nani. Wanaonijua wananijua kwa filamu. Nimeziandika mwenyewe, nimezipiga mwenyewe, nimezikata, nimezitungia muziki, na mara mbili tatu mwigizaji asipotokea nimevaa shati lake nikaigiza. Sijawahi kuwa na kampuni nyuma yangu wala mfadhili, na sikuhamia Dar es Salaam pamoja na kuambiwa kila mwaka kwamba huku Sumbawanga nitaozea. Vijana waandishi wakija kunihoji huwa wanauliza muziki wangu unatoka wapi. Nimezoea kuwajibu kwamba ni kipaji cha Mungu. Jibu hilo wanalipenda, wanaliandika, halafu wananiomba nisimame karibu na kinanda wanipige picha. Leo nataka kulijibu swali hilo kama linavyostahili kujibiwa, na ili nilijibu inabidi nisimulie mwaka mmoja tu, ule niliokuwa na miaka ishirini na sita.

Mwaka huo nilikuwa naishi mjini, katika chumba kimoja nyuma ya studio ya picha ya mzee aliyeniajiri kupiga video za harusi, za kipaimara na za misiba. Kilikuwa chumba cha kitanda, meza na mlango usiofunga vizuri, kiasi kwamba upepo wa Ufipa ulipita chini yake ukatoka dirishani bila kukuomba radhi. Mwezi wa sita nililala na sweta na soksi. Kinanda kilikaa chini ya kitanda kimefungwa kwenye kitenge kwa ajili ya vumbi, na mezani kulikuwa na deki mbili za video na televisheni ya kuazima. Hapo ndipo nilipokuwa nakatia filamu: unacheza kanda kwenye deki ya kwanza, unarekodi kwenye ya pili, unabonyeza kwa kuvizia, na umeme ukikatika unaanza upya na matusi yako. Mchana Gaudensia alikuja na hotipoti ya ugali wa ulezi na dagaa wa Kirando. Alikuwa fundi cherehani mtaa wa pili, sauti yake ya alto ilikuwa tegemeo la kwaya niliyofundisha Mollo, na katika filamu yangu ya kwanza ndiye aliyekuwa mwigizaji mkuu. Tulikula tukitazama vipande tulivyopiga, na kila tulipofika kwenye kipande kimoja aliacha kutafuna.

Filamu ilikuwa ya mama anayepokea barua iliyoletwa na basi kutoka Chala, ikimwambia mwanawe amefia huko. Hadithi yote ilikuwa imebebwa na dakika tatu za mama huyo baada ya kusomewa barua, na Gaudensia alikuwa hawezi kulia. Tulijaribu kitunguu. Tulijaribu kumkumbusha bibi yake. "Nalia kama mtu aliyeingiwa na moshi wa jikoni," alisema mwenyewe, akiweka kijiko chini. "Hii sura hata mimi singeihurumia." Nikamwambia asijali, muziki utalia kwa niaba yake. Nilisema hivyo kwa majivuno, kwa sababu nilikuwa natungia kwaya tangu nikiwa sekondari na niliamini hakuna kitu kisichoingia kwenye do-re-mi. Lakini wiki tatu zilipita nikikaa na kinanda magotini, na kila nilichotunga kilikuwa na harufu ya Misa. Kilikuwa kizuri na safi, na hakikumhusu mama yeyote.

Alhamisi na Jumamosi nilipanda baiskeli, Gaudensia nimempakia nyuma, kwenda Mollo kufundisha kwaya ya kigango, kanisa dogo la tofali za kuchoma lenye mabenchi ya mbao na kengele iliyotengenezwa kwa rimu ya gari. Nyumba ya pili kutoka kanisani ilikuwa ya Mzee Pius na mkewe Mama Kizito. Walikuwa wakulima wa mahindi na ulezi, watu wa Misa ya kwanza, na tangu siku ya kwanza nilipofika nikiwa nimelowa mvua walinichukulia kama mtoto wa nyumbani. Baada ya mazoezi nilikunywa chai kwao, nikala kande na maziwa ya mgando. Mzee Pius alikuwa mtu wa kucheka polepole. Unamaliza kusimulia jambo, anakaa kimya, unadhani hakusikia, halafu mabega yanaanza kutikisika. Mama Kizito ndiye alikuwa msemaji. Aliniita Nesto, hakuniita Mwalimu kama wengine, na aliniambia wazi nikikonda, nikichelewa, au nikipiga kinanda kwa kujionyesha. Kizito, kifungua mimba wao, alikuwa ameimba besi kwangu miaka miwili kabla ya kuteremka Kirando, kando ya Ziwa Tanganyika, kufanya biashara ya dagaa. Mdogo wake Restituta alikuwa na miaka kumi na minne na alikuwa anasoma.

Mwezi wa pili Kizito alirudi kutoka ziwani akiwa na homa, na siku ya nne akafa. Mzee Pius alimtuma mtu mjini kuniita nije na kamera, ili ndugu waliobaki Kirando na wale wa mbali waje waone jinsi mtoto alivyozikwa. Siku hizo watu walikuwa wameanza kupenda jambo hilo, na mimi nilikuwa nimezika watu wengi kupitia kioo cha kamera kuliko padre kijana. Nilipiga jeneza likitengenezwa, nikapiga wanaume kwenye moto nje, kisha nikaingia ndani walikokaa wanawake. Mama Kizito alikuwa sakafuni, miguu ameinyoosha, ameegemea ukuta. Alikuwa analia kwa Kifipa, anamwita mwanawe kwa majina yake yote, anamuuliza mambo madogo madogo: koti lake kaliacha wapi, nani alimpikia uji kule. Sauti ilianza juu, ikashuka kwa ngazi, la, so, mi, re, na pale kwenye re ikasimama. Haikushuka hadi do. Alivuta pumzi akaanza tena juu, akashuka tena, akasimama pale pale. Mtu yeyote aliyewahi kuimba anajua sauti ikikaa kwenye re moyo wako wote unaomba ishuke, na yule mama hakuishusha hata mara moja asubuhi nzima. Machozi yalikuwa yananitoka, hilo naapa. Lakini mkono wa kushoto ulikuwa umeshika kamera na wa kulia ulikuwa umetoa kalamu ya risasi, na juu ya kasha la kanda nilikuwa naandika nota.

Nilirudi mjini na lile kasha kwenye mfuko wa shati. Jioni hiyo sikula. Nilikaa kwenye kinanda nikaziweka zile nota chini ya sura ya Gaudensia anayeshindwa kulia, na kile kipande kikafufuka. Nilipata furaha ambayo hadi leo nikiikumbuka uso unanipata moto, kwa sababu Kizito alikuwa hajamaliza hata siku mbili ardhini. Nilitaka sauti nne ziimbe bila maneno, kwa kufumba midomo. Waimbaji nilikuwa nao, ila mwenyekiti wa kwaya, fundi mwashi mmoja mwenye besi kama ngoma, alikuwa amekwisha kunipiga marufuku. "Mwalimu, hapa ni nyumba ya Mungu," aliniambia mbele ya wote. "Muziki wa video kafundishie huko huko mjini." Na waimbaji wangu walikuwa wakulima, nani angeacha palizi afuate baiskeli yangu hadi mjini kujifunza kuguna? Basi nikafanya ujanja ambao ni mwalimu wa kwaya tu angeweza kuufikiria. Nilichukua kile kilio nikakivika maneno ya shukrani ya mavuno. Mawazo yangu yalikuwa kwamba watajifunza sauti zao vizuri kama wimbo wa kanisa, na wakishazishika nitawachukua wachache wazigune bila maneno. Tena wimbo wa kanisa hauwezi kuishia kwenye re, unawaacha watu wananing'inia. Kwa hiyo niliushusha hadi do, nikaupatia na amina nzuri mwishoni.

Kwaya iliupenda tangu siku ya kwanza. Soprano walishika kilio, alto wakapita chini yake, teno wakajaza katikati, na besi wakawa wanaitikia "pokea, Baba, pokea." Gaudensia peke yake alikunja uso. Tulipokuwa tunatoka, akisukuma baiskeli yangu upande mmoja nami upande wa pili, akaniuliza, "Hii sauti nimeisikia wapi?" Nikasema hajaisikia popote, nimeitunga mimi. "Basi inafanana na kitu," akasema, akaacha. Alikuwa msibani siku ile, jikoni, na ukuta mmoja tu ndio uliokuwa kati yake na yule mama.

Misa ya mavuno ilifanyika mwezi wa saba, kwenye baridi kavu, jua kali na upepo. Wanawake waliingia wakicheza na nyungo za ulezi na mahindi vichwani, na kwaya ikaanza. Niliongoza nikiwa nimewapa waumini mgongo. Tulipofika kwenye kiitikio niligeuka ili niwaalike wote waimbe, kama ilivyo desturi, na kanisa zima likaimba, kwa kuwa ni sauti inayoshikika upesi. Upande wa wanaume Mzee Pius alikuwa anapiga makofi anaitikia. Upande wa wanawake, benchi la tatu, Mama Kizito alikuwa amesimama na nguo zake nyeusi, khanga ameikamata kwa mikono miwili ameiziba mdomoni, ananitazama. Hakutoka nje, hakufanya fujo yoyote. Alinitazama tu mpaka wimbo ukaisha, na nilipogeuka kuwarudia waimbaji wangu sikujua tena tulikuwa kwenye ubeti wa ngapi. Baada ya Misa padre alinishika mkono akasema wimbo huo lazima uende parokia nzima. Kabla ya Jumapili iliyofuata, walimu wa kwaya wawili kutoka vigango jirani walikuwa wamekwisha kunakili nota zake kwenye madaftari.

Jumanne nilikwenda kwake. Mzee Pius alikuwa shambani na Restituta alikuwa shule. Nilimkuta nyuma ya nyumba anapepeta ulezi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, Nesto. Vuta kigoda ukae."

Akaendelea kupepeta. Makapi yalikuwa yanapeperuka kuelekea kwangu, nami nikaona sina haki ya kusogea. Baadaye akauliza, "Wimbo ule umeutoa wapi?"

"Nimeutunga, mama."

"Nesto."

Akauweka ungo chini, akajifuta mikono. "Mimi nilikuwa sakafuni, wewe umesimama juu yangu na hilo likamera lako," alisema. "Wanawake walitaka kukutoa. Mimi nikasema moyoni, mwacheni, huyu ni mtoto wa humu ndani. Kumbe ulikuwa unaniandika." Sauti yake haikuwa ya ugomvi, na hilo ndilo lililonimaliza. "Kilio kile hakikuwa na mwisho. Mtoto wangu hajaisha, nitakimalizaje? Wewe umekimalizia, umekiwekea na amina. Sasa nikija huku nyuma nikitaka kumlilia mwanangu, nikifungua mdomo tu, inakuja kwaya. Nawasikia wote, mpaka besi. Kizito mwenyewe alikuwa anaimba besi. Nimlilieje sasa?"

Nikamuuliza nifanye nini.

"Msiuimbe tena. Uondoe na kwenye hayo mapicha yako, kama umeuweka."

"Nimesikia, mama."

"Usiniambie umesikia. Sema hutauimba."

"Sitauimba, mama."

Akaingia ndani akanitolea chai na mahindi ya kuchemsha, kama siku zote. Nilikula kwa haraka, nikaunguza ulimi, nikaondoka.

Ahadi ile niliitimiza nusu, na nusu ile ndiyo nimeishi nayo. Kwaya niliwaambia wimbo una kasoro, nitaurekebisha, na hawakuuimba tena mwaka huo. Lakini vigango vya jirani viliendelea, na wasichana wa Mollo waliuimba wakienda kuchota maji, na kwenye mashine ya kusaga uliusikia ukipigwa mluzi. Hayo yote yalikuwa yamekwisha kunitoka mikononi. Kilichokuwa bado mkononi mwangu ni filamu. Mwezi wa nane niliwaita waimbaji watano chumbani kwangu, tukaegemeza godoro dirishani kuzuia kelele za barabara, wakaguna zile sauti nne bila maneno. Nilijiambia kwamba bila maneno si wimbo tena. Nilijiambia vilevile kwamba nitaiondoa ile do ya mwisho, nikiache kilio kisimame kwenye re kama alivyokiacha mwenyewe, na kwamba huko ndiko kumheshimu. Mtu anayetaka kitu hakosi maelezo. Gaudensia alikuwa mmoja wa wale watano. Tulipomaliza alivaa viatu vyake bila kunitazama, akasema, "Nimekumbuka nilikoisikia." Akaondoka, na hakunipikia tena.

Filamu ilionyeshwa mwezi wa kumi kwenye banda la video la mjini, mchana, watu wamebanana kwenye mabenchi, wengine wamesimama ukutani. Nilikaa nyuma karibu na jenereta. Barua iliposomwa na ile sauti ikaanza, mwanamume mmoja mbele yangu, dereva wa lori, alivua kofia akajifunika uso. Wakaomba irudiwe siku hiyo hiyo. Wiki mbili baadaye ilikuwa Chala, kisha Namanyere, kisha wakaja watu wa Mbeya kuiulizia, na mzee wa studio akaanza kuniita jina langu kamili. Ndiyo filamu iliyonitoa. Kila kazi niliyopata miaka iliyofuata, kila mtu aliyenipa filamu yake niitungie muziki, alianza kwa kusema, "Wewe si ndiye uliyefanya ile ya barua?"

Mwezi wa kumi na moja, watu wakiwa wanapanda, Mzee Pius aliamka na maumivu ya kifua na kabla ya mchana akawa amekata roho. Shemeji yake alinijia kunichukua na kamera. Sikuweza kukataa, ningesemaje? Niliingia tena chumba kile kile, nikasimama pale pale. Wanawake walikuwa wanalia kwa sauti kama inavyopasa mume wa mtu akifa, na mjane ndiye anayetakiwa kuwatangulia. Mama Kizito alikuwa amekaa na mgongo umenyooka, mikono mapajani, midomo imefungwa. Mara mbili niliona kifua chake kikipanda, mdomo ukafunguka kidogo, halafu akaufunga kama mtu aliyeuma kitu kibaya. Mimi nilijua alichokisikia. Katika nyumba ile yenye watu zaidi ya hamsini, ni mimi na yeye tu tuliojua. Na Mungu anisamehe, kwa mazoea ya kazi nilikuwa nimevuta lenzi hadi usoni kwake, nangoja chozi. Akainua macho akatazama ndani ya kamera.

Nilitoka nje nikajifanya nabadilisha betri. Kwenye masufuria wanawake walikuwa wanachambua maharage. "Mwezi wa pili alimlilia mtoto mpaka mtaa mzima tukaugua," alisema mmoja wao, mama mnene mwenye kilemba cha bluu. "Leo mume, hata kikohozi hana?" Mwingine akajibu, "Labda anajua kilichomwondoa." Hawakucheka. Walisema taratibu, huku wakitupa maharage mabovu pembeni. Baada ya mazishi ukoo wa Mzee Pius ulikaa kikao, wakamweka mjane katikati, wakamuuliza kwa nini hakumlilia mume wake. Nilikuwa hatua kumi kutoka hapo, nafunga nyaya. Alijibu, "Sina la kusema." Wakamuuliza tena, akajibu hivyo hivyo. Maneno mawili matatu yangemtoa pale: huyu mama hawezi kulia, kilio chake nimekichukua mimi. Sikuyasema. Ile wiki filamu ilikuwa inaonyeshwa Chala kwa mara ya pili, na nilikuwa na jina la siku chache ambalo nilikuwa nalilinda kama yai. Nikapakia kamera kwenye baiskeli, nikaenda zangu mjini. Kabla mwaka haujaisha niliacha kufundisha kwaya Mollo, nikisema kazi zimenizidi.

Nilisikia habari zake kwa mbali, na sikuuliza nisichotaka kujibiwa. Kwamba watu walimpa jina la mkavu. Kwamba kwenye jumuiya walikuwa hawapangi sala nyumbani kwake, na wakipanga walikuwa hawagusi chakula. Kwamba Restituta alichelewa kuolewa, kwa sababu nani anachukua mke kwenye nyumba inayosemwa. Mwenyewe hakuwahi kunitaja kwa mtu yeyote. Nilikutana naye mara moja sokoni, nikamwamkia, akaitikia, akaniambia nimekonda.

Basi nilipofika Mollo mwaka huu, siku ya mazishi yake, nilimtafuta Restituta kabla ya kumtafuta mtu wa kwaya. Ni mtu mzima sasa, na mabega ni ya baba yake. Nilimwomba tukae pembeni, tukakaa nyuma ya nyumba, nikamwambia yote kama nilivyoyaandika hapa, pamoja na lenzi. Alisikiliza akiwa ameshika ufagio. Nilipomaliza akauliza, "Kwa hiyo hakuwa mkavu?"

"Hakuwa."

"Mimi pia nilidhani ni mkavu," alisema. "Nimekaa naye miaka yote hii, nikidhani." Akasimama. "Usiniambie mimi peke yangu. Mimi nilikuwa ndani ya nyumba. Kawaambie wale waliokuwa nje. Na hiyo kwaya waambie wasiimbe kitu."

Zilipofika salamu za rambirambi, mwenye kuongoza ratiba akaniita, akanitambulisha kwa sifa nyingi, mtunzi wetu, mwanafilamu wetu. Nilisimama mbele ya jeneza nikasema. Sikumbuki nilivyoanza. Nakumbuka kwamba nilipofika kwenye kikao cha ukoo, wazee wawili walitazama chini, na yule mama mnene wa kilemba cha bluu, ambaye sasa si mnene tena na anatembelea fimbo, alitoa sauti ndogo ya koo. Katibu wa kwaya alikuwa amekumbatia daftari lake la nota. Hakuna aliyeniambia nimefanya vyema kusema, na hakuna aliyenitukana. Jeneza likashushwa bila wimbo, ukasikika udongo tu. Ndipo Restituta akalia. Alilia kwa sauti, kwa Kifipa, akimwita mama yake, na sikio langu, ambalo halina haya, likaanza kuzitafuta nota. Nikaweka mikono yote miwili mfukoni nikaibana.

Tulirudi nyumbani, chakula kikagawiwa. Nilitaka kuondoka kimyakimya, lakini Restituta alinikuta nikitafuta viatu. Alikuwa na bakuli la kunawia mkono mmoja na sahani ya ugali na maharage mkono wa pili.

"Kula, Mwalimu."

Nikamwambia sistahili kula kwenye nyumba hii.

"Sijakuuliza unastahili nini. Nimekuambia kula." Akaiweka sahani mbele yangu. "Ila ungesema siku tuliyomzika baba. Mama angekuwa na watu wa kukaa nao."

Hakuondoka. Alibaki amesimama pale akingoja, nami nikanawa mikono, nikala mbele yake mpaka sahani ikaisha.